Kiinimacho na Mkono wa Fundi: Habari za Ray Harryhausen (1920–2013)

Yako katika Kiswahili maneno kadha yanayotumika kutaja mambo ambayo jicho huyaona na akili huyakataa. Mashuhuri kati yake ni mazingaombwe na kiinimacho. Neno hili la pili lastahili kuangaliwa kwa makini. Asili yake ni kiini cha jicho, yaani mboni. Basi aliyelitunga alilitia jambo lote katika jicho la mtazamaji. Mwenye kuonyesha mchezo hatajwi, wala mikono yake haitajwi. Tena neno lenyewe lina harufu ya hila: mtu akiambiwa kwamba amefanya kiinimacho, hakusifiwa.

Mkasa wa namna hiyo umelipata neno jingine katika siku zetu. Sanaa ni neno lililotoka katika Kiarabu, na hapa pwani lilikuwa na maana ya kazi ya mikono iliyofanywa kwa ustadi, kama kazi ya sonara au ya mchonga milango. Lakini katika mazungumzo ya mitaani leo, mtu akisema kwamba fulani analeta usanii, maana yake ni kwamba anadanganya watu. Ustadi wa mkono umehesabiwa kuwa ulaghai. (Msomaji asichanganye sanaa na sanamu. Maneno haya yafanana masikioni, lakini mashina yake ya Kiarabu ni mbalimbali.)

Nimeyatanguliza maneno haya kwa sababu nataka kueleza maisha ya mtu mmoja ambaye kazi yake, kwa upande wa jicho, ilikuwa kiinimacho kitupu, na kwa upande wa mkono ilikuwa sanaa kwa maana yake ya zamani. Jina lake ni Ray Harryhausen, Mmarekani, fundi wa kuhuisha sanamu katika senema. Nilipokuwa mwanafunzi ng'ambo niliiona mara ya kwanza senema yake moja katika ukumbi mdogo wa chuo. Wenzangu waliicheka mwanzoni kwa kuwa ni ya zamani. Mifupa ilipoinuka kutoka ardhini na kushika panga, kicheko kilikwisha. Hakuna aliyedhani kwamba mifupa ile ni hai, na hata hivyo hakuna aliyeondoa macho. Tangu siku hiyo nimejiuliza: ikiwa hakuna aliyedanganywa, je, neno kiinimacho latosha?

Madai ya makala haya ni mafupi. Harryhausen alifanya kazi yake karibu yote katika senema za fedha kidogo, zilizotengenezwa na watayarishaji wa kujitegemea. Uhaba ule ulimlazimisha afanye peke yake mambo ambayo katika kampuni kubwa hugawanywa kwa watu wengi. Na kwa kuwa aliyafanya peke yake, mkono wake ulionekana na jina lake likabaki. Lakini uhuru huo ulikuwa na bei yake, nayo yafaa ihesabiwe.

Ujana na mafunzo

Harryhausen alizaliwa Los Angeles tarehe 29 Juni, 1920. Mwaka 1933, akiwa kijana mdogo, alichukuliwa kutazama senema ya King Kong, habari za sokwe mkubwa mno aliyeletwa mjini New York. Sokwe yule alikuwa sanamu ndogo, kazi ya fundi Willis O'Brien. Kijana alitoka ukumbini na swali moja: kitu kile kilikwendaje? Alipopata jibu, hakuwa na kazi nyingine tena maishani.

Jibu lenyewe si gumu kulieleza, ingawa ni gumu kulitenda. Senema ni mfululizo wa picha zisizokwenda, 24 kwa kila sekunde. Ukisimamisha sanamu, ukaipiga picha moja, ukaisogeza kidogo, ukaipiga nyingine, na kuendelea hivyo, basi picha zikipitishwa kwa haraka sanamu huonekana kutembea. Kazi hii twaiita leo uhuishaji, neno zuri, kwa maana -huisha ni kukitia uhai kitu kisichokuwa nao.

Kijana alianza nyumbani, katika banda la gari la wazazi wake. Baba yake, ambaye alikuwa fundi wa mashine, alimtengenezea mifupa ya chuma yenye viungo vinavyozunguka ili sanamu iweze kupindwa na kubaki ilivyopindwa. Mama yake alishona nguo. Hapakuwa na kampuni wala mshahara. Baba aliendelea na kazi ile kwa miaka mingi hata baada ya mwanawe kuwa mtu mashuhuri.

Alipopata nafasi ya kumwona O'Brien, alimpelekea sanamu zake za wanyama wa kale. O'Brien aliitazama miguu ya mmoja akamwambia kwamba yafanana na soseji, tena akamshauri akajifunze maumbile ya misuli na mifupa. Kijana hakukasirika; alikwenda darasani akajifunza uchoraji na maumbile ya mwili. Katika lugha yetu shina la fundi ndilo shina la funda, mafundisho na mwanafunzi. Habari hii yote imo katika shina hilo: fundi ni mtu aliyefundwa, na aliyefundwa hana budi kukubali kuambiwa kwamba miguu ya mnyama wake ni soseji.

Akafanya kazi kwa George Pal, Mhungaria aliyetengeneza senema fupi za sanamu za mbao, kisha vita vikaja naye akatumika jeshini katika kikosi cha Frank Capra kilichotengeneza senema za kuelimisha askari. Vita vilipokwisha alipata mikanda ya filamu za rangi ambazo muda wake ulikuwa umepita, na kwa makapi hayo akatengeneza hadithi za watoto za Mother Goose mwaka 1946. Huu ulikuwa mwanzo wa desturi yake ya maisha: kuchukua kilichotupwa na kukifanya kifae.

Mwaka 1949 ikatoka Mighty Joe Young, nayo pia ni habari za sokwe mkubwa aliyetolewa Afrika. O'Brien ndiye aliyekuwa mkuu, lakini sehemu kubwa ya kuhuisha ilitendwa na mkono wa Harryhausen. Tuzo ya Oscar ya ufundi huo ilipotolewa, ilipokelewa na O'Brien. Mwanafunzi hakunung'unika. Alijua kwamba mwalimu wake alikuwa amekaa miaka mingi akingojea heshima hiyo, na kwamba mipango yake mingi ilikuwa imevunjwa na wenye fedha kabla ya kuanza.

Senema za fedha kidogo

Mipango ile iliyovunjika ilimfundisha Harryhausen jambo moja: ufundi wa gharama kubwa hauna maisha, kwa kuwa mwenye mali akiingiwa na hofu huufuta. Basi alitafuta njia ya kufanya mambo yale yale kwa fedha chache. Nafasi ya kwanza ilikuja kwa The Beast from 20,000 Fathoms, senema ya watayarishaji wadogo wa kujitegemea, iliyotoka mwaka 1953. Sehemu yake moja ilitokana na hadithi ya Ray Bradbury, mwandishi ambaye Harryhausen alikuwa rafiki yake tangu ujana. Senema iligharimu kama dola 200,000, kiasi kidogo sana kwa kazi kama hiyo. Kampuni kubwa ya Warner Bros. iliinunua ikaieneza, ikapata mamilioni. Fundi aliyemtia uhai yule dubwana alikuwa amekwisha kulipwa ujira wake, na faida haikumhusu.

Baada ya hapo alikutana na mtayarishaji Charles Schneer, nao wakafanya kazi pamoja mpaka mwaka 1981. Walianza chini ya Sam Katzman, mtu hodari wa kubana matumizi, na baadaye Schneer akawa na kampuni yake ndogo, Morningside, iliyotengeneza senema na kuzipeleka kwa Columbia zienezwe. Hapa neno kujitegemea lapasa kuelezwa. Halikuwa na maana kwamba hawakumhitaji mtu. Maana yake ilikuwa kwamba watu wawili watatu waliweza kuamua nini kitengenezwe na namna gani, alimradi fedha zisipite kiasi walichopewa.

Jinsi kiasi hicho kilivyokuwa kidogo, pweza atashuhudia. Katika It Came from Beneath the Sea ya mwaka 1955, pweza mkubwa anaushambulia mji wa San Francisco. Kila mvuvi wa pwani yetu ajua kwamba pweza ana minyiri minane. Pweza wa Harryhausen alikuwa na sita, kwa sababu kila mnyiri ni chuma, mpira na siku nyingi za kuuhuisha, na fedha za minyiri miwili hazikuwapo. Fundi alimpanga mnyama wake kwa namna ambayo miwili iliyokosekana ionekane kwamba imo majini. Watu wa mji nao walikataa kutoa ruhusa ya kupiga picha daraja la Golden Gate, kwa kuwa hadithi ilisema kwamba litavunjika; picha zikapigwa kwa siri.

Mwaka uliofuata, katika Earth vs. the Flying Saucers, majengo ya Washington yalitakiwa kuanguka. Desturi ni kuvunja mfano wa jengo mbele ya kamera iendayo kasi sana, ili vumbi na mawe yaonekane kuanguka polepole kama vitu vizito. Gharama ya kamera hiyo haikuwezekana. Basi Harryhausen alilining'iniza kila tofali kwa uzi mwembamba, akalishusha kidogo kidogo, picha baada ya picha. Wahenga walisema haba na haba hujaza kibaba. Yeye alibomoa kwa haba na haba.

Sitaki msomaji adhani kwamba nausifu umaskini. Kama fedha zingekuwapo, pweza angekuwa na minyiri yake yote. Ninalosema ni kwamba uhaba ulimweka fundi mmoja karibu na kila kitu. Aghalabu Harryhausen ndiye aliyechora mandhari kabla hadithi haijaandikwa, akachonga sanamu, akashauri mahali pa kwenda, akasimama kando ya mwongozaji, kisha akajifungia peke yake miezi mingi kuhuisha. Hata matamanio yake yaliingia katika hadithi: alitaka sana kuiona Italia, basi katika 20 Million Miles to Earth ya mwaka 1957 mnyama kutoka sayari ya Zuhura aliangukia Sicily na kuuawa Roma.

Namna ya kazi

Shida ya kazi hii ni kuwaweka pamoja mtu wa kweli na sanamu yenye urefu wa shubiri moja au mbili. Harryhausen aliitatua hivi. Kwanza waigizaji hupigwa picha mahali penyewe, wakipigana na hewa. Kisha picha zao hutupwa moja moja, kutoka nyuma, juu ya kiwambo kidogo. Mbele ya kiwambo iko meza, na juu ya meza husimama sanamu. Kati ya sanamu na kamera huwekwa kioo ambacho sehemu yake ya chini imepakwa rangi nyeusi, kufuata mpaka uliomo katika picha, kama vile ukingo wa ardhi aliposimama mwigizaji. Kamera hupiga, na sehemu iliyozibwa haipati nuru. Sanamu husogezwa, picha ya nyuma hubadilishwa, kamera hupiga tena. Mwisho wake filamu hurudishwa mwanzo, kioo hubadilishwa ili kilichofunikwa kifunuliwe na kilichofunuliwa kifunikwe, na kazi hupigwa mara ya pili juu ya filamu ile ile. Hapo mnyama hutokea katikati, nyuma yake milima na mbele yake ardhi na watu.

Schneer aliipa njia hii jina la Dynamation, akilichuma katika neno Dynaflow lililoandikwa ndani ya gari lake aina ya Buick. Jina lilifaa kwa matangazo ya ukutani, lakini mtu akilisikia hudhani kwamba ni mashine fulani. Haikuwa mashine. Ilikuwa kioo, rangi nyeusi, na subira ya mtu mmoja.

Senema ya kwanza kutangazwa kwa jina hilo, tena ya rangi, ilikuwa The 7th Voyage of Sinbad ya mwaka 1958. Wasomaji wa Kiswahili wanamjua Sindbad baharia tangu zamani katika hekaya za Alfu Lela Ulela. Na yule ndege mkubwa wa hekaya hizo, ambaye Harryhausen alimtia vichwa viwili, Marco Polo alisema kwamba makao yake ni upande wa Madagaska. Hivyo Mmarekani huyu alikuwa anahuisha mambo ambayo mabaharia wa bahari yetu waliyasimulia karne nyingi kabla yake.

Mwaka 1960 alihamia London, ambako palikuwa na vifaa alivyovihitaji na ambako bara la Ulaya lilikuwa karibu kwa kupiga picha. Huko alimwoa Diana Livingstone Bruce, wa kizazi cha David Livingstone, yule ambaye Susi na Chuma na wenzao waliichukua maiti yake mpaka Bagamoyo mwaka 1874. Katika uzee wake Harryhausen alibuni sanamu ya shaba ya Livingstone akishambuliwa na simba, nayo iliwekwa Blantyre, Scotland, mwaka 2004.

Mifupa saba

Kazi yake iliyo bora, kwa maoni ya wengi na kwa maoni yangu, ni Jason and the Argonauts ya mwaka 1963. Mwisho wake watu watatu wanapigana na mifupa saba ya wafu. Mifupa mmoja una kichwa, mikono miwili na miguu miwili. Basi kwa kila picha fundi alikuwa na viungo 35 vya kusogeza, na kila upanga ulipaswa kukutana na upanga wa mtu aliyekwisha kupigwa picha miezi mingi nyuma. Kwa wastani alimaliza picha 13 kwa siku, yaani zaidi kidogo ya nusu sekunde ya senema. Mapigano ambayo mtazamaji huyamaliza kwa dakika chache yalimchukua miezi minne na nusu. Simu ikilia katikati ya kazi na fundi akasahau ni mkono upi uliokuwa unapanda na upi uliokuwa unashuka, kazi huharibika.

Katika tuzo za Oscar za mwaka huo ni senema mbili tu zilizotajwa kwa ufundi wa namna hii, Cleopatra na The Birds. Jason haikutajwa hata kwa mashindano. Wahenga wetu husema chanda chema huvikwa pete. Chanda hiki kilingoja. Ilikuwa mwaka 1992 ndipo Harryhausen alipopewa tuzo ya Gordon E. Sawyer, na rafiki yake Bradbury ndiye aliyemkabidhi. Wakati huo alikuwa na umri wa miaka 71, na senema yake ya mwisho, Clash of the Titans ya mwaka 1981, ilikuwa imepita zaidi ya miaka kumi.

Bei ya uhuru ndiyo hii. Aliyejitegemea hakuwa na kampuni kubwa ya kumsemea wakati wa kugawa heshima, na miradi yake, kama ya mwalimu wake, iliweza kufa kwa neno moja la mwenye kueneza. O'Brien alikufa mwaka 1962 akiacha mipango mingi mikononi. Mmoja wa mipango hiyo, habari za wachunga ng'ombe na wanyama wa kale, mwanafunzi wake aliutimiza mwaka 1969 kwa jina la The Valley of Gwangi. Watazamaji hawakuwa wengi. Lakini deni la fundi kwa aliyemfunda lililipwa.

Jina la mtenda kazi

Laiti msomaji angewauliza wapenda senema ni nani aliyeongoza Jason, ni wachache watakaojibu Don Chaffey. Wote watasema ni senema ya Harryhausen, ingawa hakuiongoza. Jambo hili ni nadra katika historia ya senema, na sababu yake ndiyo niliyoitaja: kazi iliyopita katika mkono mmoja hubeba alama ya mkono huo, kama chungu kinavyobeba alama ya vidole vya mfinyanzi.

Siku hizi kompyuta imechukua nafasi ya sanamu, hasa tangu Jurassic Park ya mwaka 1993. Siilaumu kompyuta, kwa maana nyuma yake wapo mafundi hodari. Lakini wako mamia, na majina yao hupita mwishoni wakati watu wanatoka ukumbini. Mwaka 2013 kampuni ya Rhythm & Hues iliomba ulinzi wa sheria ya waliofilisika, na katika mwezi huo huo kazi yake katika Life of Pi ikapata tuzo ya Oscar. Harryhausen alifariki London tarehe 7 Mei ya mwaka ule ule. Wako hata hivyo wanaoshika njia ya zamani. Phil Tippett, ambaye alivutwa na Sindbad wa Harryhausen alipokuwa mtoto, alitoa Mad God mwaka 2021, senema ya kujitegemea aliyoianza yapata miaka 30 nyuma na kuimaliza kwa msaada wa watu wa kujitolea.

Narudi kwenye neno nililoanzia. Watunga istilahi wetu watatakiwa kuutaja ufundi huu, nami naogopa wasije wakaridhika na kiinimacho peke yake, kwa kuwa neno hilo latupa nusu ya habari. Latuambia jicho limeona nini. Halituambii nani ametenda. Napendekeza tuseme ufundi wa kiinimacho, na mwenye kazi aitwe fundi wa kiinimacho. Neno fundi litaondoa harufu ya ulaghai na kurudisha mkono mahali pake. Wanaojua istilahi bora na walete.

Liko jambo moja la kumalizia. Mwaka 1952 Harryhausen alianza kuhuisha hadithi ya kobe na sungura, ile ile ambayo watoto wetu husimuliwa. Kazi za mshahara zikamwita, akaiacha ikiwa na dakika chache tu. Miaka 50 ilipita. Vijana wawili wakamwendea, wakaomba kuimaliza pamoja naye kwa sanamu zake zile zile za zamani, na mwaka 2002 ikamalizika. Kobe alifika.